Panya wa Bibi Sheldon



Methali zetu mbili zimegombana tangu zamani, wala sijamwona aliyezipatanisha. Moja yasema kipya kinyemi kingawa kidonda, na maana yake ni kwamba nafsi ya binadamu hukiendea kitu kigeni kwa furaha hata kama kitu chenyewe kinauma. Ya pili yasema zimwi likujualo halikuli likakwisha, na maana yake ni kinyume kabisa, ya kuwa nafsi hiyo hiyo hulikimbilia lile ililolizoea, hata kama lina meno. Nilipokuwa kijana nalimwuliza mzee mmoja barazani ipi katika hizo mbili ni ya kweli, naye akanijibu kwamba methali ni kama dawa za mganga, kila moja na ugonjwa wake, kisha akaagiza kahawa ya pili, na mlipaji nikawa mimi.

Miaka mingi baadaye tulihama nyumba, na paka wetu, jike mmoja mwenye baka jeupe kifuani, tukamtia guniani kama ilivyo desturi, ili asiikariri njia akarejea alikotoka. Tulipolifungua gunia, chumba cha mbele kilikuwa kimejaa vitu ambavyo kwa paka ni karamu: masanduku matupu, kamba, pamba iliyotoka katika godoro lililochanika. Hakukitazama hata kimoja. Alikwenda moja kwa moja kwenye kipande cha mkeka mkuukuu tulichokuwa tumefungia masufuria, akakinusa pembe hata pembe, akajikunja juu yake, na hapo akakaa siku tatu, chakula akiletewa kama mzazi aliye katika arubaini. Na paka huyu ndiye yule ambaye, katika nyumba ya zamani, alikuwa hawezi kuuona mfuko mpya sakafuni asiuingie kichwa na mkia.

Jawabu la ugomvi wa methali zile nalilikuta mbali na barazani, katika kazi ya bibi mmoja wa Kimarekani na panya wake. Na kwa kuwa bibi huyo huyo ndiye aliyekuja kuwa mmoja wa watungaji hodari kabisa wa zile hadithi za kubuni za kisayansi, zenye vyombo vya anga na viumbe wa sayari nyingine, nimeona leo nizungumze nanyi juu yake, maana sijui mtu mwingine ambaye elimu ya nafsi, ile tuiitayo saikolojia, na utunzi wa hadithi hizo vilikaa katika kichwa chake kimoja kwa ujirani wa karibu namna ile.

Jina lake ni Alice Sheldon. Mwaka 1967, umri wake ukiwa umekwisha kuvuka 50, alipata shahada ya udaktari wa saikolojia ya majaribio katika Chuo Kikuu cha George Washington, na swali alilolifanyia kazi laweza kuelezwa kwa maneno machache: je, kiumbe akipewa hiari baina ya kitu anachokijua na kitu asichokijua, atakiendea kipi? Wataalamu waliomtangulia walikuwa wamegawanyika kama methali zetu. Yeye akafanya jambo ambalo, likisha kufanywa, kila mtu husema mbona ni jepesi: aliacha kukitazama kitu peke yake, akatazama na mahali. Baadhi ya panya aliwapa hiari hiyo katika mahali walipopazoea, na wengine katika mahali pageni kwao. Waliokuwa kwao walikiendea kitu kipya; waliokuwa ugenini walikiendea kile cha zamani. Basi, wasikilizaji, ikadhihirika kwamba kipya ni kinyemi kwa aliye nyumbani, na zimwi likujualo ni faraja ya msafiri, na mzee wangu wa barazani hakuwa amekosea, ila hakunieleza ugonjwa ni upi na dawa ni ipi.

Mtu angetaraji kwamba bibi huyu, akiisha kupata shahada yake, angetulia chuoni asomeshe. Hasha. Katika siku zile zile alizokuwa amechoshwa na mitihani alianza kuandika hadithi, na alipotaka kuzipeleka kwa wahariri aliona haya, au aliona hadhari, maana mwanachuoni mpya akijulikana kuwa anaandika habari za viumbe wenye miguu sita wenzake humcheka. Siku moja, akiwa dukani na mumewe, aliona chupa ya mamaledi yenye jina la Tiptree, akalichukua jina hilo, akatanguliza James mbele yake, na mumewe akaongeza neno la mwisho la kuonyesha kwamba ni mwana aitwaye kwa jina la babake. Ndivyo alivyozaliwa James Tiptree, Jr., mwanamume asiyekuwa na mwili ila sanduku la posta huko McLean, katika jimbo la Virginia, na hadithi yake ya kwanza ikachapishwa Machi 1968.

Lakini kabla ya kuzifikia hadithi, sharti nirudi nyuma, kwa kuwa maisha ya bibi huyu yenyewe yalikuwa ni kizimba cha majaribio, na kipande kimoja cha maisha hayo kinatuhusu sisi. Alizaliwa Chicago mwaka 1915, mtoto wa pekee wa Herbert Bradley, mwanasheria, na Mary Hastings Bradley, mtunzi wa vitabu na mpenda safari. Mwaka 1921 wazazi hao walifuatana na Carl Akeley, yule bingwa wa kujaza ngozi za wanyama wa Makumbusho ya New York, kwenda Kongo ya Wabelgiji kutafuta gorila katika milima ya Mikeno na Karisimbi, juu ya ziwa Kivu, na mtoto wao wa miaka sita wakamchukua. Gorila waliuawa, wakapelekwa New York kutiwa nyuma ya kioo; na Akeley, kwa kuwa moyo wa binadamu una njia zake, alirudi kwao akiwa mtetezi wa wanyama wale wale, akawa miongoni mwa waliomshawishi Mfalme Albert kuianzisha mwaka 1925 ile hifadhi ambayo sasa yaitwa Virunga, naye mwenyewe akafa mwaka uliofuata na kuzikwa huko huko mlimani.

Mtoto Alice alipita katika nchi hizo kwa misafara ya wapagazi, katika mashariki ya Kongo ambako Kiswahili kilikuwa tayari lugha ya njiani na kambini, na yamkini masikio yake yalipata kusikia maneno tunayoyasema hapa usiku huu. Fikirini hali yake. Mtoto wa kizungu, mweupe wa nywele, kila afikapo kijijini watu hukusanyika kumtazama. Yeye huwatazama wao kwa mshangao, nao humtazama yeye kwa mshangao ulio mkubwa zaidi, wala hana mtoto mwenziwe wa kumwuliza ni nani hasa katika mkutano ule aliye mgeni. Mamake alimwandikia kitabu kizima cha safari hiyo, akamtia ndani yake kama mhusika, mtoto mzuri asiyeogopa. Nadhani hapo ndipo alipojifunza kwa mara ya kwanza kwamba mtu aweza kuwa na nafsi mbili, moja iliyoandikwa vitabuni na nyingine ilalayo hemani ikisikiliza usiku.

Baada ya hayo maisha yake yalikimbia kama mkorofi aliyetoroka chuoni: akachora picha, akaandika gazetini uhakiki wa sanaa, akaingia jeshini mwaka 1942 na kufanya kazi ya kuzisoma picha zilizopigwa na ndege za vita, akaolewa mara ya pili na Huntington Sheldon, wakafuga na kutotolesha vifaranga huko New Jersey, wakaacha vifaranga wakaingia wote wawili katika CIA. Huko nako hakudumu, akaacha miaka ya katikati ya 1950, akarudi kuwa mwanafunzi miongoni mwa vijana ambao angeweza kuwazaa. Sitaki kuwachosha kwa orodha hii. Nimeitaja kwa sababu moja tu, nayo ni kwamba mtu wa namna hii, akiuliza kiumbe hufanyaje anapokuwa ugenini, haulizi kwa ajili ya panya.

Sasa ikiwa kanuni yake ni ya kweli, yatueleza mengi juu ya hadithi zenyewe. Msomaji wa kisa cha sayari za mbali hayuko katika sayari ya mbali. Yuko kitandani mwake, taa imewaka, mlango amekwisha kuukomea, na ndiyo maana nafsi yake ina wasaa wa kuyatamani ya shani. Wazee wetu waliokuwa wakisimulia habari za majini na visiwa vya mbali walilijua jambo hili bila ya kuingia maabara, kwani hawakusimulia njiani usiku, walisimulia watu wakiisha kula na mifugo ikiisha kufungwa. Tena ndani ya hadithi kanuni hujigeuza, maana mhusika aliye huko angani yuko ugenini kweli kweli, na mtunzi aliye stadi humpa kitu cha kale akishike: picha ya nyumbani, wimbo wa mamake, neno la lugha yake. Mtunzi dhaifu hutupa vyuma na taa za rangi, asitupe mkeka wa kulalia paka.

Lakini panya hawezi kuulizwa swali moja, na hapo ndipo maabara iliposhindwa na hadithi ikaanza: kwako ni wapi? Ndani ya kizimba mahali palipozoewa ni pale alipozoezwa na mtaalamu. Binadamu je?

Mwaka 1973 Tiptree alichapisha hadithi ambayo jina lake kwa Kiswahili ni kama kusema Wanawake Wasioonekana na Wanaume. Msimulizi ni mwanamume wa Kimarekani, Don Fenton, aliyekwenda Mexico kuvua samaki, akapanda ndege ndogo pamoja na mama mmoja na binti yake, ndege ikaanguka katika mikoko na mabwawa ya pwani ya Quintana Roo. Bwana huyu ni mtu wa heshima. Husema nasi wakati wote, hujiona kuwa ndiye mlinzi, na anapomwona mama yule, Ruth, amenyamaza na kujikunyata, yeye hukata shauri kuwa mwanamke anamwogopa, au anamtamani, maana hayo mawili ndiyo aliyofundishwa na dunia kuyaona kwa mwanamke. Kisha katika giza la mabwawa watokea viumbe si wa dunia hii, weupe, warefu, wa kutisha, na Don ashika silaha ili amwokoe Ruth. Na Ruth, mtumishi wa kawaida wa ofisi ya serikali huko Washington, apita mbele yake na kuwaomba viumbe wale wamchukue, yeye na binti yake, waende nao kokote waendako.

Don haelewi, na hata mwisho wa hadithi hajaelewa. Amekaa na kinywaji chake akijiuliza mtu awezaje kuiacha dunia yote akaenda kukaa na mazimwi asiyoyajua. Nami naliposoma mara ya kwanza nalikuwa upande wa Don, nakiri. Mara ya pili nalikumbuka panya. Kiumbe akiwa ugenini hukiendea kile akijuacho. Basi Ruth alikijua nini? Alikijua ugeni wenyewe. Maisha yake yote ameishi katika nyumba iliyojengwa na watu wengine kwa vipimo vya watu wengine, akipita pembeni kama mjusi wa ukutani, na mtu wa namna hiyo akiona viumbe wa ajabu haoni jambo jipya, huona badiliko la wenye nyumba tu. Bibi Sheldon hakuivunja kanuni yake. Alimwuliza aliye kizimbani swali ambalo panya hawezi kulijibu, naye akajibu kwamba hapa mnapopaita kwangu hapajapata kuwa kwangu.

Na sasa sikilizeni kichekesho. Hadithi hiyo, ambayo kila mstari wake ni malalamiko ya mwanamke, ilisifiwa kuwa ni dalili ya jinsi mwanamume aweza kuwaelewa wanawake. Na mwaka 1975 Robert Silverberg, mtunzi mashuhuri, aliandika dibaji ya kitabu cha Tiptree akisema kwamba ameusikia uvumi wa kuwa Tiptree ni mwanamke, nao ni upuuzi, maana katika maandishi yake mna uanaume usiokanika. Bibi Sheldon aliiondoa hadithi hiyo katika mashindano ya tuzo ya Nebula, kwa kuona si haki kushinda kwa sifa ya uongo. Mwaka 1976 mamake alifariki. Tiptree alikuwa amewaambia baadhi ya marafiki zake wa barua kwamba mama yake mzee, msafiri wa zamani wa Afrika, amekufa Chicago. Msomaji mmoja mdadisi akafunua magazeti ya Chicago, akakuta tanzia ya Mary Hastings Bradley, na mtoto aliyeachwa nyuma ni mmoja tu, wa kike. Silverberg alikiri kosa lake kwa uungwana, na kwa hilo namheshimu, kwa kuwa wahakiki waungamao ni wachache kuliko waandikao dibaji.

Kuna hadithi nyingine ambayo siwezi kuiacha, ingawa huniharibia usingizi. Aliiandika kwa jina la tatu, Raccoona Sheldon, ikatoka mwaka 1977 ikapata tuzo ya Nebula, na jina la hadithi yenyewe latokana na nzi fulani wa mifugo ambaye hutaga mayai katika vidonda vya ng'ombe. Nzi huyo Wamarekani walimpiga vita kwa hila ya ajabu: waliwafuga wengi, wakawatia madume utasa kwa mionzi, wakawaachia, na kwa kuwa jike huolewa mara moja tu, aliyemkubali dume tasa hakuzaa tena. Wasikilizaji wa Unguja hawana haja ya kuelezwa, kwani ndivyo walivyoondolewa mbung'o kisiwani mwao: mbung'o walifugwa Tanga, madume wakatiwa utasa, wakamwagwa kwa ndege juu ya misitu ya Unguja kuanzia mwaka 1994, na mwaka 1997 kisiwa kikatangazwa kuwa hakina mbung'o tena. Kwa mwenye ng'ombe ni neema kubwa. Bibi Sheldon akauliza: ingekuwaje lau wadudu tungekuwa sisi, na mwenye kutaka shamba ni mwingine?

Katika hadithi hiyo Alan, mtaalamu wa wadudu, yuko Colombia kazini, na mkewe Anne yu nyumbani Marekani. Wanaandikiana barua, na katika barua hizo twapata habari, kidogo kidogo, kwamba katika nchi mbalimbali wanaume wameanza kuwaua wanawake, tena wana maneno ya dini ya kuhalalisha mauaji, na wenye madaraka wanayaeleza mambo kwa utulivu mkubwa. Kitu fulani kimegeuza ile njia iliyo mwilini baina ya tamaa na ukali, hata mwanamume anapomtamani mwanamke mkono wake huenda kwenye kisu. Alan yumo njiani kurejea kwake, amejawa na shauku ya mkewe kama mume yeyote aliyekaa mbali, na katika safari hiyo, kwa kuwa ni mtaalamu na amezoea kuchungua tabia za viumbe, aichungua tabia yake mwenyewe, akatambua kwamba ile shauku si shauku tena. Amwandikia mkewe asimkaribie, yeye wala binti yao Amy. Binti hakusadiki, maana huyo ni babake, na kwa mtoto baba ndiye mahali palipozoewa kuliko pote, akamwendea.

Hapo kanuni ya panya hugeuka kuwa msiba, na najua vitabu vichache vya saikolojia vilivyonionyesha kwa uwazi kama huo kwamba elimu ya kujijua haimwokoi mtu: Alan ayajua yote yanayompata, ayataja kwa majina yake, na ujuzi wake haumpi ila muda wa kuandika barua moja.

Yeye mwenyewe mwandishi alifikwa na mwisho wa huzuni, mwaka 1987, alipomwua mumewe aliyekuwa na miaka 84 na macho yaliyokuwa karibu kupofuka, kisha akajiua. Wako waliojaribu kuusoma mwisho huo katika hadithi zake. Mimi siwafuati.

Nitawataja watunzi wengine wawili kwa haraka, maana wakati wetu unakwisha. Stanisław Lem wa Poland, katika Solaris ya mwaka 1961, alimpeleka mwanasaikolojia hasa, Kelvin, kwenye sayari ambayo bahari yake ni hai, na bahari hiyo, badala ya kumletea maajabu, ikamletea mkewe aliyejiua zamani, amekaa mbele yake na nguo yake ile ile. Kelvin kwanza amtia katika chombo na kumrusha angani. Wa pili ajapo, ashindwa kumwacha. Zimwi likujualo. Na kwa Kiswahili tunaye marehemu Katama Mkangi, ambaye mwaka 1995 alimrusha Dzombo angani katika chombo kilichokusudiwa kumwua, akafikia nchi iitwayo Walenisi. Litamkeni jina hilo polepole, mtasikia kuwa ni maneno matatu: wale ni sisi. Mkangi alikuwa mwanasosholojia, si ajabu.

Ama yule paka, siku ya nne asubuhi nalimkuta mkeka ameuacha. Alikuwa amesimama mlangoni, mguu mmoja ameuinua, akiitazama ndoo ya jirani, ndoo ya plastiki, nyekundu, ambayo hajapata kuiona tangu azaliwe. Akaitazama kitambo, akageuka kuutazama mkeka, kisha akaenda.